Madagaska haikuweza kutulindia rekodi yetu

Jumamosi iliyopita, tarehe 30 Agosti 2025, Lwiro ilikuwa ya Madagaska. Hakuna Mmadagaska hata mmoja ninayemjua kati ya Kavumu na Katana, na wengi waliojaa mbele ya televisheni hawangeweza kutaja majina mawili ya wachezaji wa kisiwa kile. Lakini Félicité Manohiantsoa alipofunga bao la kwanza dakika ya 9, watu waliruka kana kwamba ni mtoto wa Kadutu ndiye amefunga.

Sababu ilikuwa hesabu. CHAN ni kombe la Afrika la wachezaji wanaocheza katika shampiona za nchi zao tu. Aliye Ulaya hana nafasi, aliye Tanzania au Libya hana nafasi, hata kama ana pasipoti yetu. Kongo ilibeba kombe hilo mara 2: mwaka 2009 kule Abidjan, tulipoifunga Ghana 2-0, na mwaka 2016 kule Kigali, tulipoifunga Mali 3-0. Moroko nayo ilikuwa na makombe 2, la 2018 na lile la 2020 ambalo lilichezwa Kameruni mwanzoni mwa 2021. Hakuna nchi nyingine iliyofika hapo. Kwa hiyo fainali ya Nairobi ilikuwa rahisi kuielewa kwa kila Mkongomani: Moroko ikishinda, inatupita. Madagaska ikishinda, tunabaki juu pamoja na Moroko, bila sisi wenyewe kupiga mpira hata mara moja.

Mnajua namna ilivyoisha. Youssef Mehri alisawazisha dakika ya 27, Oussama Lamlioui akaweka la pili kabla ya mapumziko, Toky Rakotondraibe akaturudishia roho dakika ya 68. Kisha dakika ya 80 Lamlioui huyohuyo akaona golikipa ametoka mlangoni, akaupiga mpira kutoka mbali sana, kama metre 40. Ukapaa, ukashuka, ukaingia. 3-2. Chumba kikanyamaza. Mzee mmoja aliyekuwa nyuma yangu akasema tu, kwa sauti ya mtu anayesoma barua ya msiba: "Bakatupita."

Nimeuchunguza huzuni ule siku hizi chache, na nimeona kuna kitu cha kuchekesha ndani yake. Wale Wamadagaska tuliokuwa tunawaombea ni walewale waliotutoa katika Kombe la Afrika tarehe 7 Julai 2019 kule Alexandria, 2-2 kisha penaliti 4-2. Siku ile tuliwalaani. Na wale Wamoroko tuliokuwa tunawaogopa ni walewale waliotufunga 3-1 kwenye uwanja wa Nyayo tarehe 17 Agosti, wiki 2 tu kabla ya fainali, wakaturudisha nyumbani kutoka kwenye kundi. Tulikaa hapo kuomba aliyetupiga zamani ampige aliyetupiga juzi. Kazi yetu ilikuwa kuomba tu.

Siwalaumu vijana wa kocha Otis Ngoma. Walipoteza mbele ya Kenya 1-0 katika uwanja uliojaa, wakaifunga Zambia 2-0, wakaifunga Angola 2-0, kisha wakakutana na ekipe iliyo kubwa kuliko wao. Katika kundi lenye nchi 5, hiyo si aibu. Ninachokikataa ni tabia yetu ya kulinda rekodi ya zamani kwa miguu ya wengine. Tumeifanya hivyo tangu 2016, na Jumamosi miguu hiyo haikutosha.

Tukumbuke 2016 vizuri, kwa sababu watu wa upande huu tuna haki maalum juu ya kombe lile. Kinshasa iko mbali nasi karibu kilometa 1,500 kwa ndege. Kigali unaondoka Bukavu asubuhi kwa gari na unafika siku ileile. Mara moja katika maisha yetu, fainali ya Leopards ilichezwa karibu na sisi kuliko na wakubwa wa mji mkuu. Waliokuwa na karatasi walivuka Ruzizi kwenda kuona kwa macho. Na mnajua ilikuwaje kabla ya fainali: tarehe 30 Januari tuliitoa Rwanda nyumbani kwake, 2-1, bao la Padou Bompunga likiingia muda wa nyongeza, dakika ya 114. Tukaitoa Guinée kwa penaliti. Tarehe 7 Februari Meschak Elia akafunga mara 2, Jonathan Bolingi mara 1, na Joël Kimwaki akainua kombe. Sihitaji kueleza ilikuwa na maana gani kwa mtu wa Kivu kuliona jambo hilo likifanyika Kigali.

Baada ya hapo ndipo tulipoharibu. Wachezaji walipokelewa Kinshasa, rais Joseph Kabila akawapa magari, picha zikapigwa. Siku 9 tu baada ya fainali, tarehe 16 Februari 2016, vijana 6 wa LUCHA walikamatwa Goma wakitayarisha vitambaa vya siku ya mji kufungwa. Walitaka kusema kwamba mwaka huo tumeshinda kombe na demokrasia tutaishinda pia. Walihukumiwa miaka 2, rufaa ikapunguza kuwa miezi 6. Kombe moja, matumizi mawili, na hakuna lolote kati ya hayo lililokuwa kiwanja. Niambieni kiwanja kimoja cha mpira hapa Kabare ambacho kilizaliwa na kombe la 2016. Niambieni shampiona moja ya watoto. Nimeuliza walimu, nimeuliza waendesha pikipiki wanaojua kila kona kutoka Mudaka mpaka Katana. Wanacheka.

Sasa tazameni alikwenda wapi mtu aliyetupa kombe lile. Florent Ibenge aliendelea na Leopards mpaka 2019, na AS Vita Club mpaka 2021. Kisha akaitwa Moroko, na ekipe inayoitwa RS Berkane. Mwaka 2022 akaipa Berkane Kombe la Shirikisho la Afrika. Baada ya hapo akaenda Sudani, Al-Hilal ya Omdurman, akakaa nayo hata vita vilipolipuka mwaka 2023. Mwaka huu amehamia Azam ya Dar es Salaam. Kila mahali alipopita wamechukua kitu kutoka kwake.

Ninaomba tusimame kidogo kwenye jina hilo la Berkane, kwa sababu Lamlioui, yule aliyetupokonya rekodi kwa mpira wa metre 40, ni mchezaji wa Berkane. Aliyekuwa kocha wa Moroko kwenye CHAN hii, Tarik Sektioui, aliwahi kuipa Berkane kombe lilelile la Shirikisho mwaka 2020. Mwaka huu 2025 Berkane imelibeba tena, ikiifunga Simba ya Tanzania katika fainali, na nyumbani imechukua shampiona ya Moroko kwa mara ya kwanza.

Berkane ni nini? Si Casablanca, si Rabat. Ni mji wa mashariki kabisa mwa Moroko, karibu na mpaka wa Algeria, mpaka ambao umefungwa tangu 1994. Watu wake wanajulikana kwa kulima machungwa. Mji wa mashariki, wa mpakani, wa wakulima, mbali na mji mkuu, jirani na nchi ambayo serikali yake haielewani nao. Ndugu msomaji wa Bukavu, hujawahi kusikia habari ya mji unaofanana na huo?

Najua mtaniambia: Berkane ina bahati, mtoto wake Fouzi Lekjaa aliongoza ekipe ile, kisha akawa mkuu wa shirikisho la mpira la Moroko na waziri wa bajeti. Ni kweli, na sisemi kwamba mpira usimamiwe kwa undugu. Lakini Kivu Kusini nayo imezaa mawaziri, maspika, majenerali na matajiri. Tunawajua kwa majumba yao ya kando ya ziwa. Kuna walionunua jezi za kampeni, zenye picha zao kifuani, zikachakaa kabla ya uchaguzi kuisha. Ekipe ya kudumu sijaiona. OC Muungano na OC Bukavu Dawa zimeishi miaka hiyo yote kwa mapenzi ya wakaaji na kwa michango ya watu wachache wenye moyo, na uwanja wa Concorde kule Kadutu umekuwa wimbo wa kila mgombea.

Moroko haikufika hapa kwa Berkane peke yake. Miaka 15 iliyopita walifungua chuo cha mpira cha Mohammed VI kule Salé. Mwaka 2018 wakabeba CHAN, kisha 2020, mwaka 2022 wakawa wa 4 katika Kombe la Dunia. Watoto walioingia chuo kile wakiwa na miaka 12 leo ni wanaume. Sisi mwaka 2016 tulikuwa mbele yao kwa makombe 2 dhidi ya sifuri. Jumamosi walimaliza kazi ya kutupita, na ilikuwa imewachukua miaka 9 tu.

Nakuja kwenye jibu ambalo wengi wenu mmeshalishika mkononi: vita. Mnaniuliza, wewe unazungumza juu ya shampiona na viwanja, hujui tunaishi namna gani? Najua. Naishi hapa. Tarehe 14 Februari mwaka huu AFC/M23 waliingia Kavumu, tarehe 16 wakaingia Bukavu. Tangu hapo benki zimefungwa, makuta yamekuwa adimu, na noti iliyochanika inakataliwa hata mlangoni pa chumba cha video. Jumamosi nimeona kijana akirudishwa kwa sababu noti yake ya franka 500 ilikuwa imeshonwa kwa utepe. Akasimama dirishani mpaka mwisho wa mechi. Uwanja wa ndege wa Kavumu, ambao tunauona kila tukienda mjini, haupokei ndege za abiria. Mchezaji wa Bukavu anayetaka kufika Kinshasa kwa shampiona ya taifa lazima apite Rwanda au Burundi kwanza, kama ana pesa na karatasi za kupita. Mechi ilipomalizika Jumamosi giza lilikuwa limeshaingia, na hakuna aliyebaki njiani kubishana juu ya Lamlioui. Kila mmoja aliharakisha kwake. Zamani ubishi baada ya fainali ulikuwa nusu ya raha.

Lakini vita haviwezi kuwa jibu la kila kitu, na ushahidi ulikuwa kwenye televisheni ileile. Sudani iko vitani tangu Aprili 2023. Khartoum na Omdurman zimeteketea kuliko mji wowote wetu. Na bado Sudani ilicheza CHAN hii, ikaifunga Nigeria 4-0 kule Zanzibar, ikaitoa Algeria kwa penaliti, ikafika nusu fainali, na Madagaska ikahitaji muda wa nyongeza kuitoa, 1-0. Watu wa nchi ambayo nyumba zao zimebomolewa walimaliza wakiwa wa 4.

Waliwezaje? Shampiona ya kwao iliposimama, ekipe kubwa 2, Al-Hilal na Al-Merrikh, hazikuachwa zife. Zilitafutiwa mahali pa kucheza, na msimu wa 2024-2025 zilicheza katika shampiona ya Moritania, mwisho kabisa wa Afrika upande wa magharibi. Umbali wa kutisha. Wachezaji hawakuona familia zao kwa miezi. Sisemi hiyo ni raha, na Sudani haijapona kwa mpira. Nasema kuna mtu ofisini kule aliyekaa akajiuliza: vijana wetu watacheza wapi msimu huu? Kisha akaandika barua, akapiga simu, akapata jibu.

Kwetu swali hilo nani ameliuliza? FECOFA iko Kinshasa. Wanaotawala hapa wana mambo yao. Kila upande unasema watu wa Kivu ni watu wake. Sijasikia upande wowote ukieleza hadharani kijana wa miaka 17 wa Bukavu, wa Goma, wa Uvira au wa Kabare atacheza wapi mpira unaotambuliwa. Na CHAN, narudia, ni kombe la wanaocheza shampiona za ndani. Ambaye hana shampiona hana CHAN. Kama vita hivi vitadumu misimu 2 zaidi bila mtu kujibu swali hilo, Leopards watakaokwenda CHAN watakuwa wa Kinshasa na Lubumbashi peke yao, na sisi tutakuwa watazamaji kabisa, kwa franka 500.

Jina rasmi la kombe la mwaka huu lilikuwa "Pamoja", kwa sababu Kenya, Tanzania na Uganda ziliandaa kwa pamoja. Neno letu, la Kiswahili, lilitamkwa na Waarabu na Wafaransa kwenye televisheni zote. Kongo iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022, tukatia sahihi Nairobi, na Nairobi hiyohiyo ikawa jina la mazungumzo ya amani, kabla ya kufuata Luanda, Washington na Doha. Kwa watoto wa hapa majina ya miji mikubwa ni majina ya mikutano. Jumamosi, kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu, Nairobi ilikuwa jina la mpira. Nilifurahi, lakini nilijiuliza pia: nchi hizo 3 zimeshapewa Kombe la Afrika la mwaka 2027, zinajenga viwanja na kutengeneza barabara. Sisi tumo kwenye jumuiya hiyohiyo, tunazungumza lugha hiyohiyo. Je, hakuna aliyefikiri kwamba ekipe za Kivu, wakati huu wa shida, zingeweza kuombewa nafasi ya kucheza na majirani kama Al-Hilal walivyoombewa Moritania? Inawezekana jibu ni hapana. Kanuni za CAF ni ngumu, na siasa kati ya majirani zetu mnazijua. Lakini hapana lazima itanguliwe na ombi.

Kuna mama mmoja muuza maharagwe, jirani, aliniambia Jumapili asubuhi kwamba wanaume wa Lwiro wamepoteza akili: watu wanakimbia, shule zinafunguliwa kesho na hakuna ada, na wao wanalia juu ya Moroko. Nilimwambia ana haki nusu. Franka 500 ni maharagwe. Lakini kijana wake wa pili ana miaka 15, anacheza kila jioni, na saa hizo za jioni ndizo ambazo mama mwenyewe anaogopa kuliko zote, kwa sababu anajua wengine wanaowatafuta vijana wa umri huo wanawapa nini mkononi badala ya mpira. Hakujibu. Aliendelea kupima maharagwe yake. Mimi nasema kiwanja chenye mwalimu, chenye ratiba na mechi ya Jumapili inayohesabiwa, ni kitu kinachomwambia kijana abaki wiki nyingine moja. Sina takwimu ya jambo hilo, nina macho tu.

Basi ninaomba nini? Siombi uwanja wa Concorde ujengwe mwezi huu, wala ndege zirudi Kavumu kwa ajili ya Muungano. Ninaomba kitu kidogo ambacho hakina siasa: daftari.

Hapa Lwiro tunajua thamani ya daftari. Tangu wakati wa IRSAC, iliyoundwa mwaka 1947 na ambayo leo ni CRSN, kuna watu wanaoandika mvua na matetemeko ya ardhi, kupitia serikali zote na vita vyote. Mishahara imekosekana miaka mingi, lakini vipimo vimeandikwa. Ndiyo sababu leo mtu wa ng'ambo akitaka kujua habari za ardhi ya Kivu anakuja kuuliza hapa.

Kwenye mpira daftari lina maana ya pesa kabisa. Kanuni ya FIFA inasema mchezaji akiuzwa kutoka nchi moja hadi nyingine kabla mkataba wake haujaisha, asilimia 5 ya bei inagawanywa kwa ekipe zote zilizomlea tangu alipokuwa na miaka 12 mpaka 23. Miaka ya 12, 13, 14 na 15 inabeba sehemu ndogo, miaka inayofuata sehemu kubwa zaidi. Tufanye hesabu. Mtoto wa Katana analelewa na ekipe ya hapa miaka hiyo 4 ya kwanza, kisha anaondoka. Siku moja anauzwa dola milioni 1, bei ambayo kwa Ulaya ni ndogo. Ekipe ya Katana ina haki ya dola 10,000. Akiuzwa tena, inapata tena. Kwa dola 10,000 hapa unasawazisha kiwanja, unaweka milingoti ya chuma, unanunua mipira na viatu, na bado unamlipa mwalimu.

Lakini haki hiyo inafuata karatasi. Kama mtoto hakuandikishwa, kama leseni yake haiko FECOFA, basi kwa FIFA hakuwahi kucheza Katana. Alizaliwa siku aliyofika Lubumbashi au Kinshasa. Vijana wangapi wametoka milima hii wakapita hivyo, bila jina la kijiji kwenye pasipoti yao ya mpira? Kuandikisha watoto wa miaka 12 hakuhitaji uwanja wa ndege. Kunahitaji ligi ya jimbo, LIFSKI, na ententi zake za Kabare na Bukavu kukaa mezani na orodha, tarehe za kuzaliwa na picha. Na kunahitaji FECOFA iseme wazi kwamba leseni zinazotoka upande huu zitapokelewa msimu huu, hata kama zimetumwa kwa telefoni. Pande zote 2 za vita zinaweza kuruhusu jambo hilo bila kupoteza hata kilima kimoja. Na wasichana waandikwe pia. Kiwanja cha shule kule kwetu kina wasichana kila Jumatano, na wengine wanapiga mpira kuliko kaka zao.

Ijumaa hii, tarehe 5 Septemba, Leopards wakubwa watakuwa Juba kucheza na Sudani Kusini, na tarehe 9 watapokea Senegali katika uwanja wa Martyrs, Kinshasa, kwa ajili ya Kombe la Dunia la 2026. Chumba cha video kitajaa tena, na nitalipa franka zangu 500 kama wengine. Ekipe hiyo ya Sébastien Desabre ni ya vijana ambao karibu wote wanacheza ng'ambo, na wengi wamekulia hukohuko. Naipenda hivyo hivyo.

Kabla ya Ijumaa nitakwenda kuuliza swali moja kwa wasimamizi wa mpira wa Kabare: kati ya Mudaka na Katana, watoto wangapi wenye miaka 12 mpaka 15 wana leseni leo? Walimu wa mpira wa Lwiro wawili wamekubali kuja na orodha zao, zile za kwenye madaftari ya shule. Namba nitakayopewa nitaiandika hapa.